Ushahidi Uliopanda Jukwaani

Tarehe 9 Februari 2022, Mahakama ya Kimataifa ya Haki mjini The Hague iliiamuru Uganda iilipe Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo dola milioni 325: milioni 225 kwa madhara waliyopata watu, milioni 40 kwa mali, na milioni 60 kwa maliasili. Kongo ilikuwa imedai zaidi ya dola bilioni 11. Pengo hilo halikutokana na majaji kutilia shaka kwamba watu waliuawa, maana hatia ya Uganda ilikwisha kuamuliwa tangu Desemba 19, 2005. Lilitokana na karatasi. Fomu na orodha zilizopelekwa hazikuwaridhisha majaji, wakalazimika kukadiria kwa jumla. Mtu wa Kisangani aliyepoteza mguu Juni 2000 akiusikia uamuzi huo anapata fundisho moja gumu: mwili wake si ushahidi mpaka uandikwe na mtu mwingine, kwa namna anayoitaka huyo mwingine. Ninaanzia hapo kwa makusudi. Mjadala kuhusu filamu zinazochanganya hali halisi na maigizo huendeshwa kwa kawaida kama ubishi wa wajuzi wa sinema, jambo la kuzungumzia baada ya tamasha. Kisangani ubishi huo una bei, na bei yake hutajwa kwa dola.

Kwa msomaji aliye mbali na Tshopo, mkoa wa Kisangani, kumbukumbu yenyewe ni hii. Kuanzia Juni 5 hadi 10, 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda, yaliyoingia Kongo yakiwa marafiki, yalipigana kwa silaha nzito ndani ya Kisangani, mji ambao haukuwa wa yeyote kati yao. Yalikuwa yamekwisha kupimana nguvu hapo hapo Agosti 1999 na tena Mei 2000. Mara hii ya tatu ndiyo watu waliyoipa jina la Vita vya Siku Sita. Ripoti ya Umoja wa Mataifa iliyotolewa mwaka 2010, ile inayojulikana kama Ripoti ya Mapping, inasema raia waliouawa ni kati ya 244 na 760, waliojeruhiwa ni zaidi ya 1,000, na nyumba zaidi ya 400 zilibomolewa. Kanisa kuu la Notre-Dame na hospitali havikusalimika. Tulia kidogo kwenye hiyo idadi ya kwanza. Kati ya 244 na 760 kuna watu 516 ambao, kwa mujibu wa maandishi bora kabisa tuliyo nayo, ama walikufa ama hawakufa. Hakuna familia ya mtaa wa Makiso wala wa Mangobo iliyo na shaka kuhusu maiti wake, lakini mashaka yamo katika hati. Tangu mwaka huo wahanga wamehojiwa na wanajeshi wa Umoja wa Mataifa, na mashirika, na waandishi wa habari, na mawakili, na wanasiasa wakati wa kampeni. Jeraha lilelile limesimuliwa mara nyingi mpaka maneno yamechoka, na mwenye jeraha anajua mapema ni wapi msikilizaji atatikisa kichwa na ni wapi atafunga daftari.

Hapo ndipo ilipo kazi ya Dieudo Hamadi, na ndiyo sababu naiona kuwa hoja kamili, si mapambo ya kisanii. Hamadi alizaliwa Kisangani mwaka 1984, akasomea mambo ya tiba kabla ya kushika kamera, na jina lake lilianza kusikika mwaka 2010 kupitia mkusanyiko wa filamu fupi ulioitwa Congo in Four Acts, uliotayarishwa na Djo Munga na Steven Markovitz. Vita vya Siku Sita vilipouangukia mji wake alikuwa kijana tu. Ilimchukua miaka mingi na filamu kadhaa kuvifikia, na alipovifikia, kwenye En route pour le milliard ya mwaka 2020, aliwafuata wanachama wa chama cha wahanga wanaoteremka mto Kongo kwa boti, safari ya kilomita zipatazo 1,700, kwenda Kinshasa kudai fidia yao mbele ya Bunge. Filamu hiyo iliteuliwa katika orodha rasmi ya Cannes mwaka huo wa korona, ya kwanza kutoka Kongo kupata nafasi hiyo, ingawa tamasha lenyewe halikufanyika kama kawaida. Lakini kinachonihusu hapa ni jambo ambalo watazamaji wengi walilipita haraka: katikati ya safari, bila onyo, tunajikuta jukwaani. Watu walewale tuliokuwa nao botini wanaigiza. Wenye magongo wanayatumia magongo yao, wenye miguu ya bandia wanaonyesha mahali ambapo mwili unakoma na kifaa kinaanza, na yaliyowapata yanarudi kwa wimbo, kwa kelele, kwa mwendo uliofanyiwa mazoezi. Kisha tunarudishwa mtoni.

Dai langu ni kwamba sehemu hizo za jukwaani zina ushahidi mwingi kuliko mahojiano yoyote ambayo wangeweza kufanyiwa, na kwamba zina nguvu hiyo kwa sababu ya ukaribu wa zile sehemu nyingine. Tazama jinsi boti linavyopigwa picha. Hamadi hushika kamera mwenyewe. Hana kikosi cha watu wa taa. Mvua inapokuja usiku juu ya mto, tunaiona tukiwa chini ya turubai pamoja na abiria, katika lile songombingo la mikono inayovuta plastiki huku na huko, mizigo inayolowa, na mtu asiye na miguu ambaye hawezi kusimama ili ampishe mwenzake. Watu wanagombana kuhusu chakula. Wanabishana kama Kinshasa itawapokea au itawacheka. Hakuna anayemweleza mtazamaji chochote, maana kila aliye botini anajua kwa nini yupo. Mtu aliyeishi chini ya turubai lile na wahusika kwa muda anapowaona jukwaani hawaoni tena kama wahanga wanaotoa maelezo. Anawaona kama watu aliowajua wakiwa na njaa, wakali, wachekeshaji, wabishi, ambao sasa wamechagua kumwonyesha jambo fulani kwa namna fulani. Hilo neno kuchagua ndilo kiini. Katika mahojiano, anayeuliza ndiye mwenye saa na mwenye mpaka, na anaweza kukata pale anapotaka. Jukwaani, aliyepigwa na kombora ndiye anayeamua lini linaanguka.

Mji huu unajua vizuri kinyume cha jambo hilo. Mwaka 1951 John Huston alikuja maeneo ya Ruiki, upande wa Ponthierville, yaani Ubundu ya leo, kupiga picha za The African Queen. Mwaka 1958 Fred Zinnemann alimleta Audrey Hepburn Stanleyville, yaani Kisangani ya leo, kwa ajili ya The Nun's Story. Mto, msitu na watu wetu vilitumika kama pazia la nyuma, na sina kinyongo na filamu hizo. Zilikuwa hadithi za kubuni na zilisema hivyo wazi. Iliyo na kesi ya kujibu ni Africa Addio ya Waitaliano Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, iliyotoka mwaka 1966. Hiyo ilijiita kumbukumbu ya ukweli mtupu. Wasomaji wa Zanzibar wanaifahamu kwa picha zake za Januari 1964 zilizopigwa kutoka angani, na Wakongo kwa sehemu zake za wakati wa uasi wa Simba, kamera ikiandamana na mamluki kazini. Jacopetti alituhumiwa kwamba mauaji fulani yalipangwa ili kuifaa kamera; alichunguzwa nchini Italia, akaachiwa. Tuseme uchunguzi ulikuwa sahihi na hakuna lililopangwa. Bado filamu ile ni ya uongo kuliko mchezo wa kuigiza wa wahanga wa Kisangani, kwa kuwa hakuna hata mtu mmoja tunayemjua ndani yake. Tunatazama wanaokufa kutoka kwenye ndege, au kutoka begani mwa anayewaua. Kila fremu inaweza kuwa tukio la kweli na jumla yake ikawa udanganyifu.

Kwa hiyo kipimo cha kuuliza kama kuna aliyeigiza hakitoshi, na nadhani hakijawahi kutosha. Jean Rouch alilijua hilo alipotengeneza Moi, un noir mwaka 1958 pamoja na vijana wa Niger waliokuwa vibarua mjini Abidjan, akawaacha wajipe majina ya mastaa wa sinema na kujisemea wenyewe juu ya picha zao. Mmoja wao, Oumarou Ganda, aliyejiita Edward G. Robinson, hakuridhika na jinsi maisha yake yalivyosimuliwa, na miaka kumi baadaye akaongoza filamu yake mwenyewe, Cabascabo, kuhusu askari aliyerudi kutoka vita vya Indochina. Rouch alifungua mlango, lakini ufunguo ulibaki mfukoni mwake, na ilibidi Ganda achonge wa kwake. Swali lenye maana, basi, ni nani mwenye mchezo, na kama mtazamaji ameachwa ajue kwamba ni mchezo.

Ukizipitia filamu za Hamadi kwa mpangilio wa miaka unaona kwamba hakuamka siku moja akaamua kuchanganya maigizo na hali halisi. Maigizo aliyakuta. Atalaku ya mwaka 2013 inamfuata mhubiri wa Kinshasa anayegeuka kuwa mpiga kelele wa kukodiwa katika uchaguzi wa 2011, akitafuta mgombea wa kumsifu na umati wa kumshangilia. Huyo tayari ni mwigizaji, na umati ni waigizaji wa ziada waliolipwa. Examen d'État ya 2014, iliyopigwa hapa Kisangani, inakaa na wanafunzi waliofukuzwa shule kwa kukosa prime, zile fedha ambazo wazazi huchangishwa ili walimu walipwe. Wanajikusanya katika nyumba moja, wanajisomea usiku, wanawatembelea watumishi wa Mungu ili waombewe, na wengine wanahangaikia majibu ya kununua. Katika filamu hiyo hakuna jukwaa, lakini mtihani wa taifa wenyewe unaonekana kama tamthilia ambayo kila mmoja anajua sehemu yake: anayesimamia anajifanya hasikii, mwanafunzi anajifanya anakumbuka, mchungaji anajifanya ana hakika. Kisha Maman Colonelle ya 2017: Kanali Honorine Munyole, mkuu wa kitengo cha polisi cha kulinda wanawake na watoto, anahamishwa kutoka Bukavu kuja Kisangani, na huku anakutana na wanawake waliobakwa wakati wa Vita vya Siku Sita na watoto waliofukuzwa nyumbani kwa kushutumiwa uchawi. Anaposimama hadharani na sare yake, bereti na mkoba mkononi, akiwahimiza wananchi wachangie hawa waliosahauliwa, anaigiza mamlaka ya dola ambayo haikumpa fedha wala gari la maana. Serikali ipo kwa sababu yeye anaicheza. Aliyeona hayo yote, akayaona kwa karibu, angewezaje kufika kwa watu wanaoigiza vita vyao wenyewe kisha akaficha jukwaa lao ili filamu yake ionekane safi?

Kuna pingamizi ambalo siwezi kulipita kwa haraka. Mhanga anayeigiza, wanasema, anampa anayekanusha silaha: leo ameonekana akilia kwa mazoezi, kesho wakili wa upande wa pili atauliza kama na kile kilio cha mahakamani kilifanyiwa mazoezi. Hoja hiyo ina uzito mahali ambapo ushahidi ndio uliokosekana. Lakini Baraza la Usalama, katika azimio lake namba 1304 la Juni 16, 2000, siku sita baada ya silaha kunyamaza, lilikwisha kusema kwamba Uganda na Rwanda zinapaswa kufidia maisha yaliyopotea na mali zilizoharibiwa Kisangani. Hapakuhitajika miaka ishirini na miwili ili kujua kilichotokea. Kilichokosekana ni mtu wa kuona ana haja ya kusikiliza, na hapo mahojiano yale ya kawaida, yaliyonyooka na yenye machozi mahali pake, yalikuwa yameshindwa wazi. Zaidi ya hayo, jukwaa la Hamadi halijifichi. Hakuna anayeweza kulidhania kuwa Juni 2000. Filamu inayotuonyesha bayana ni wapi watu wake wanaigiza inatufanya tuamini zaidi pale wasipoigiza, kwenye lango la Bunge Kinshasa wanaposukumwa na walinzi na magongo yao yakatafuta pa kushika.

Pingamizi jingine linauma zaidi, na hapa siko tayari kumtetea Hamadi kila mahali. Ukaribu unaweza kuwa wizi. Kamera inayoingia ndani ya chumba, mahali ambapo mwanamke anasimulia alivyobakwa, inachukua kitu ambacho hakirudishwi, hata kama ruhusa ilitolewa. Na mtoto aliyetoroshwa kutoka kwa anayemtesa kwa kisingizio cha uchawi hana umri wa kuelewa ni nini anachokubali. Katika Maman Colonelle naona sehemu ambapo subira ya kamera, ile sifa tunayoisifia kwa Hamadi, inageuka kuwa mzigo kwa aliye mbele yake. Ukimya unamlazimisha aujaze. Baadhi ya wapenzi wa sinema ya utazamaji mtupu huamini kwamba kutoingilia ni heshima. Mimi siamini hivyo daima. Kutoingilia ni namna ya kuuliza swali bila kulitamka. Na ndiyo maana naisoma En route pour le milliard kama majibu ya mwongozaji kwa tatizo lililoachwa na kazi yake mwenyewe. Anapofika kwenye maumivu yale yasiyosemeka, hasogezi kamera karibu na uso. Anawaachia wenyewe wayaweke mbali, chini ya mwanga wa jukwaa, katika umbo walilolipanga. Anabaki karibu nao kwenye mambo madogo, chakula na mvua na ubishi, na kwenye mambo makubwa anarudi nyuma. Wengi tungefanya kinyume.

Kuhusu Kinshasa Makambo ya 2018, iliyowafuata wanaharakati vijana waliotaka Rais Kabila aondoke madarakani, sina mengi. Ina kasi na ujasiri, na baadhi ya picha za maandamano hazina mfano. Lakini barabarani, katikati ya mabomu ya machozi, ukaribu unakuwa wa mwili zaidi kuliko wa fahamu, na nilikosa ile nafasi ambayo mhusika angejitazama.

Wapo pia wanaouliza filamu hizi ni za nani, ikiwa zinajulikana Paris na Berlin kuliko Kabondo, mtaa wa hapa Kisangani. Swali ni la haki, ila mara nyingi huambatana na dhana kwamba watu wa hapa wangetaka kitu chepesi zaidi, na dhana hiyo haina msingi. Mcheza dansi Faustin Linyekula aliihamishia Studios Kabako yake Kisangani mwaka 2006, na tangu hapo mji una mahali ambapo mwili unaocheza dansi umechukuliwa kwa uzito kama njia ya kukumbuka. Na ingekuwa hakuna hata hiyo, bado kuna kilio cha matanga, kuna ibada za usiku, kuna wapiga porojo wa bandarini wanaokuigizia ugomvi wa jana kwa sauti zote mbili. Kuigiza yaliyotokea ili yaeleweke ni desturi ya hapa. Kigeni ni ile imani kwamba anayesema kweli lazima akae kwenye kiti, atazame kando kidogo ya kamera, na jina lake liandikwe chini. Lugha nazo zinashuhudia: botini Kiswahili na Kilingala hupokezana ndani ya sentensi moja, kama zinavyofanya sokoni, na mtazamaji wa Kisangani anasikia nani anabadili lugha ili amtanie mwenzake na nani ili amwombe. Mtazamaji wa Berlin anasoma manukuu tu. Sioni jinsi mtu anavyoweza kusema kwamba filamu hiyo haikutengenezwa kwa ajili yetu, ila kuifikisha kwenye kumbi na viwanja vya mitaa sita ya mji ni kazi ambayo haiwezi kuachiwa mwongozaji peke yake.

Linabaki suala la matunda. Uganda ilipangiwa kulipa milioni 65 kila mwaka kwa miaka mitano kuanzia Septemba 2022, na mfuko maalumu wa kuwalipa wahanga, FRIVAO, una makao yake hapa Kisangani. Wale wanaoipima filamu kwa fedha watasema mahakama ilifanya ambalo boti halikufanya. Sawa, boti halikuleta hata dola moja. Lakini mfuko huo umeundwa kwa ajili ya waliodhuriwa na shughuli haramu za Uganda, na kesi ya Kongo dhidi ya Rwanda ilikwisha Februari 3, 2006, pale mahakama ileile iliposema haina mamlaka ya kuisikiliza. Hivyo sheria imeweza kusikia upande mmoja wa vita vilivyokuwa na pande mbili. Mchezo wa wahanga hauna mpaka huo. Hauulizi mamlaka ya nani yanafika wapi kabla ya kuacha kombora lianguke. Kila anayetaka kujua kwa nini watu hawa walihitaji jukwaa juu ya fomu, faili na orodha azingatie jambo hilo: aliyekatwa mguu Juni 2000 hakupata nafasi ya kuona kombora lake limetoka ng'ambo ipi ya mto Tshopo.